Shotikeki ya stroberi jikoni kwako: weka mikono ya chapati kando

Mara ya kwanza kupika shotikeki ya stroberi nilikanda unga dakika kumi nzima. Nilikanda venye nilifunzwa kukanda chapati nikiwa darasa la tano, ngumi ndani ya unga, geuza, kanda tena, mpaka ukawa laini kama sikio la mtoto, halafu nikaupumzisha na kitambaa juu. Kilichotoka kwa oveni kilikuwa kizuri kwa macho tu. Baba mkwe alikuwa ametutembelea hapa Lanet, Nakuru, siku hio, akachukua kimoja, akauma, akatulia, akakirudisha kwa sahani na akaomba chai. Akachovya. Akangoja. Akachovya tena. Hakusema kitu, na hio kunyamaza ndio ilinikata maini.

Nilidhani resipi ndio mbaya. Kumbe ni mikono. Sisi tumelelewa na chapati na mandazi, na huko kukanda ndio kazi yenyewe, unataka unga uvutike. Shotikeki ni kinyume kabisa, hapa unga ukivutika umeharibu. Hata hio "shoti" ya kwa jina haimaanishi fupi venye wengi tunafikiria, ni neno la zamani la wapishi wa Kiingereza la kitu chenye kinavunjika kwa urahisi mdomoni. Siagi inapaka zile chembe za unga ili maji yasiziunganishe vizuri, kwa hivyo zile nyuzi za gluteni, ndizo zinafanya unga uvutike, zinabaki dhaifu, na ukiuma inaachia. Ukikanda unazijenga upya, basi umepika chapati nene.

Na kitu kingine kabla hatujaanza, hii ni ile ya Marekani ya zamani, kimkate cha moto kinachokaa kama skonzi ya kubomoka, unakipasua katikati, stroberi na maji yake ndani, krimu juu. Si ile keki ya sponji ya bakery yenye krimu pande zote. Hio pia tamu lakini ni kitu kingine na inataka mayai mengi.

Kwa watu sita mpaka wanane mimi hutumia: stroberi nusu kilo, unga wa ngano wa kawaida gramu 300, siagi gramu 100 ikiwa baridi kama jiwe, sukari vijiko vikubwa vitatu vya unga na vinne vya stroberi, beking poda vijiko viwili na nusu vya chai, beking soda robo kijiko cha chai, chumvi nusu kijiko cha chai, mala (maziwa ya mgando) mililita 180 hivi, na krimu ya kupiga mililita 250. Limau moja na vanila kama iko. Kama huna mizani ya jikoni, gramu 300 za unga ni karibu vikombe viwili na nusu vya kupimia, lakini usishindilie unga ndani ya kikombe, uchote na kijiko ukimwaga ndani halafu upitishe kisu juu.

Stroberi kwanza

Anza na stroberi kwa sababu ndizo zinataka muda wa kukaa. Stroberi haiivi ikishachumwa. Hii si embe ama parachichi unaficha ndani ya pipa la unga siku tatu ukitoa imelainika, stroberi ikichumwa iko nyeupe shingoni inaweza kuongeza wekundu kidogo lakini utamu hauongezeki hata chembe. Kwa hivyo angalia pale karibu na majani, kama kumekuwa nyekundu mpaka juu chukua. Halafu inua hako kakontena ka plastiki uangalie chini, juu wanapanga zile za kupigwa picha, chini ndio zilizopondeka na zenye zimeanza kuota ndevu za kijivu. Moja ikiota ndevu zile jirani zake zote zinafuata kwa siku moja ama mbili. Na nusa. Stroberi ambayo haina harufu haina ladha, hapo hakuna mjadala.

Wakati wa mvua nyingi zinakuwa kubwa na maji mengi, sukari haionekani, hizo ongeza limau na kijiko kimoja cha sukari maisha yaendelee. Ndogo ndogo za shamba mara nyingi ni tamu kuliko zile kubwa za supamaketi. Mimi hununua kwa mama mmoja anatoka upande wa Njoro na ndoo, na nikikosa naingia soko la Wakulima mapema kabla jua halijazipiga.

Usizioshe mpaka siku ya kutumia. Zikifika nyumbani zipange kwa sahani yenye tishu chini, weka kwa friji. Siku ya kupika ziosheni chini ya maji yanayotiririka zikiwa bado na majani yake, ukitoa majani kwanza maji yanaingia kwa lile tundu na stroberi inakuwa teketeke. Kausha, toa majani, kata kila moja vipande vinne. Chukua kama robo ya hivyo vipande uponde na uma. Hapo watu wengi huruka, lakini hizo zilizopondwa ndizo zinafanya sosi iwe nzito, bila hizo unapata maji ya waridi tu chini ya bakuli. Mwagia sukari vijiko vinne na maji ya limau kijiko cha chai, koroga, funika, acha nje nusu saa mpaka saa moja. Sukari inavuta maji kutoka ndani ya tunda, utarudi upate bakuli limejaa sosi na hujaweka hata tone la maji. Ile sukari yetu ya kahawia yenye chembe kubwa inafanya kazi pia, inachelewa kuyeyuka tu, ikoroge mara mbili.

Kuna wakati mimi huongeza pasheni moja ndani. Wamarekani watanishtaki lakini jaribu.

Sasa unga

Washa oveni kabla hujagusa unga. Digrii 210, na uiache ipate moto vizuri dakika 15 hata kama ile taa yake imezima mapema, hizi oveni za jiko la gesi hudanganya. Mbali na beking poda, shotikeki inapanda kwa sababu siagi baridi ikikutana na moto mkali, maji yaliyo ndani ya siagi yanageuka mvuke na kusukuma unga juu. Oveni ikiwa vuguvugu siagi inayeyuka polepole inatiririka kwa tray, na unabaki na vibiskuti bapa vinavyokaanga kwa mafuta yao.

Kuhusu siagi, nasema siagi, si majarini ya kupaka mkate. Majarini ya kopo ni laini hata ikitoka friji na haikati vizuri, ingawa kama ndio iko utapata kitu cha kuliwa, si ati itakataa kuiva. Siagi iingize friza usiku mzima kisha uipitishe kwa ile greta ya karoti, upande wa matundu makubwa. Hii ndio mbinu iliyonitoa kwa aibu. Hakuna kusugua na vidole vyenye moto, siagi inaanguka ikiwa vipande vyembamba tayari, wewe unachanganya tu na uma ndani ya unga ambao tayari umeweka beking poda, soda, chumvi na sukari. Ukimaliza unga ubaki na vipande vya siagi vinavyoonekana, vingine saizi ya punje ya ndengu. Usijaribu kuvimaliza.

Hapo kwa beking poda ukisoma resipi za nje utaona wanaandika vijiko vitatu mpaka vinne kwa unga kama huu. Nakuru tuko karibu mita 1,850 juu ya bahari. Huku juu hewa haikandamizi sana kama kule chini, gesi ya beking poda inafura haraka, vimikate vinapanda mbio kabla havijashika ndani halafu vinaporomoka kama hema limetolewa nguzo. Kwa hivyo punguza, viwili na nusu vinatosha, Eldoret walio juu zaidi naona viwili vitafanya. Na huku juu unga pia unakauka haraka kwa hivyo weka mala mililita kadhaa karibu, inaweza kuitisha zaidi.

Mala ni kwa sababu ya ile asidi. Ikikutana na soda inatoa gesi papo hapo na pia inalainisha unga. Kama mala yako ni nzito ya kukatwa na kijiko iongeze maziwa kidogo mpaka imwagike. Kama huna mala, chukua maziwa ya kawaida mililita 180, tia kijiko kikubwa kimoja cha maji ya limau, ngoja dakika kumi mpaka yaanze kukatika. Mursik, yale maziwa ya kibuyu ya Wakalenjin yenye mkaa, achana nayo. Shemeji yangu alijaribu, ladha ya moshi ilikuwa sawa kwa mwenye anaipenda lakini vimikate vilitoka na rangi ya jivu na watoto wakakataa kugusa.

Fanya kishimo katikati ya unga, mwaga mala yote mara moja, na uchanganye na uma ama mwiko ukihesabu, mizunguko kumi na tano hivi. Ukiona bado kuna unga mkavu chini ongeza kijiko kimoja cha mala, si zaidi. Itaonekana mbaya. Itakuwa na mabonge, inanata, vipande vya siagi vinachungulia, na kila kitu ndani yako kitakuambia kanda kidogo tu iwe nadhifu. Usikande! Mimi hapo huwa naweka mkono mmoja mfukoni kabisa, na si mzaha.

Mwaga kwa meza yenye unga kidogo. Ukusanye na viganja, gandamiza polepole uwe mstatili wa unene wa sentimita mbili na nusu, kunja mara tatu kama barua, gandamiza tena, kunja tena mara moja, gandamiza mara ya mwisho uache na ule unene wa sentimita mbili na nusu. Huko kukunja si kukanda, ni kupanga siagi kwa matabaka ndio zikipanda ziachane kama kurasa. Kisha kata na kisu vipande vya mraba, sita mpaka nane. Ukitaka viduara tumia glasi, ichovye kwa unga na uishukishe moja kwa moja, uitoe moja kwa moja, usiizungushe. Ukizungusha unaziba kingo na kimkate kinapanda upande mmoja kama kofia ya mlevi. Lakini viduara vinabakisha mabaki na mabaki ukiyakusanya tena yanakuwa magumu, kwa hivyo mimi nimebaki na mraba.

Panga kwa tray vikiwa vimekaribiana, sentimita moja hivi, vikisaidiana kupanda badala ya kutambaa pembeni. Paka maziwa juu na brashi ama na vidole, nyunyiza sukari, ile ya kahawia ya chembe kubwa hapa ndio mahali pake, inabaki inaliwa kwa mlio. Kama unga umepata joto weka tray yote kwa friza dakika kumi kabla ya kuchoma. Halafu ndani, dakika 14 mpaka 16, mpaka juu ziwe rangi ya asali na chini ukiinua na kisu kuwe kumekauka.

Dada yangu mkubwa anaishi Kisumu na akajaribu hii mwezi wa pili, saa nane mchana. Akanipigia simu analalamika siagi imekuwa supu mikononi. Sasa Kisumu iko kama mita 1,130 tu na lile joto la ziwa unalijua. Nilimwambia mambo matatu: afanye asubuhi kabla ya saa mbili, aweke unga wenyewe na bakuli kwa friza kama siagi, na beking poda aongeze hadi vijiko vitatu. Ya pili ilitoka poa. Stroberi nako zilimsumbua, zinafika huko zimechoka na safari, akaamua kutumia embe zilizoiva na limau nyingi na ninaona wivu kusema ilikuwa tamu kuliko yangu.

Kama huna oveni

Sufuria na makaa. Nilitumia hii miaka miwili kabla sijanunua oveni na bado kuna watu wanasema ile ilikuwa bora. Chukua sufuria kubwa nzito, mwaga mchanga mkavu safi chini kama sentimita mbili, weka juu ya jiko lenye makaa ya wastani, funika na kifuniko kisicho na plastiki, na juu ya kifuniko weka makaa mengine, mengi kuliko ya chini. Watu hukosea hapo, wanajaza makaa chini, juu wanaweka mawili ya kuonyesha, vimikate vinaungua makalio na vichwa vibichi. Acha ipate moto robo saa. Ingiza tray ndogo ama sahani ya bati juu ya mchanga, funika, angalia baada ya dakika 18, mara nyingi huisha kwa 20 mpaka 25. Fanya hii nje ama mahali penye hewa inapita, moshi wa makaa una ile gesi isiyo na harufu inayoua watu wakiwa wamefunga madirisha, na mvua ya Nakuru isikudanganye uingize jiko ndani ya nyumba. Wenye eya fraya, digrii 180, dakika kumi na mbili hivi, tatu tatu ama nne zikiwa na nafasi.

Krimu

Soma lebo. Unataka ile ya kupiga, yenye mafuta asilimia 30 kwenda juu, 35 ndio nzuri. Ile ya kupikia ina mafuta kidogo, utaipiga mpaka bega lianguke na itabaki maji. Na ule utando wa juu ya maziwa yaliyochemshwa hauwezi kupigika, jirani yangu alishawahi kuukusanya wiki nzima akidhani ameokoa pesa, tukaula na viazi vitamu.

Krimu, bakuli na mchapo wa kupigia vyote viwe baridi, bakuli lile la chuma kwa friza robo saa. Piga krimu na vijiko viwili vya sukari ya aising na vanila kidogo. Kama huna sukari ya aising saga ile ya kawaida kwa blenda mpaka iwe vumbi. Kwa mkono ni dakika tano mpaka saba, kwa mashine ni mbili hivi, na ukiona mistari inabaki nyuma ya mchapo punguza mwendo, ukiona inasimama halafu ncha inainama kidogo, simama. Kutoka hapo mpaka siagi ni sekunde chache. Ikianza kuwa na chembechembe mwagia vijiko viwili vya krimu ambayo haijapigwa na uchanganye na mwiko, inarudi. Ikishaachana kabisa na maji hairudi tena, tia chumvi ule na mkate.

Piga krimu mwisho kabisa, wageni wakiwa wamekaa. Nilishawahi kuipiga mapema nikaacha kwa friji, stima ikapotea saa tano mpaka jioni, na nilipofungua nilipata kitu kama uji wa mtoto. Tangu siku hio huwa na mpango wa pili, yogati nzito isiyo na sukari niliyochuja kwa kitambaa safi usiku kucha, naichanganya na asali. Haina ule unono lakini haitishwi na stima, na na stroberi chachu inaenda vizuri sana.

Kupanga kwa sahani

Acha vimikate vipoe dakika kumi, viwe vuguvugu, vikiwa moto krimu itayeyuka na vikipoa kabisa unakosa raha yote. Vipasue na uma pembeni ama na mikono, si kisu, ule uso wa kukwaruzika ndio unanyonya sosi. Chini weka kijiko kimoja cha sosi tupu kwanza, ngoja inyonywe, halafu stroberi, halafu krimu, kifuniko, na krimu nyingine kidogo juu na stroberi moja. Usipange mapema kwa sababu ndani ya nusu saa chini kunakuwa mandazi iliyomwagikiwa maji. Kama unapeleka kwa chama ama kanisani beba vitu vitatu kando kando, vimikate kwa kopo lenye kitambaa, stroberi kwa chupa ya mdomo mpana, krimu kwa kibegi cha barafu, na upange huko huko mbele ya watu, ndio sifa zenyewe ziko.

Shotikeki zikibaki bila krimu zinakaa siku mbili kwa kopo lenye kifuniko. Pasha kwa sufuria kavu, moto mdogo, dakika tatu ukifunika. Unaweza pia kuzifungia mbichi kwa friza zikiwa zimekatwa, unazitoa moja kwa moja kwa oveni bila kuyeyusha, ongeza dakika tatu ama nne tu.

Baba mkwe alirudi mwezi wa nne. Nilimwekea mbili kwa sahani na kikombe cha chai kando, nikarudi jikoni kujifanya naosha vyombo. Nilipotoka sahani ilikuwa tupu na ile chai ilikuwa imepoa, imejaa vile vile mpaka juu.